Siku Saa Alipokosea

Kwa miaka tisa niliyoimba mbele yake, sikuwahi kumsikia mpiga ngoma wetu akikosea. Aliwahi kupiga akiwa na homa. Aliwahi kupiga kidole gumba kikiwa kimefungwa bendeji. Siku moja umeme ulikatika katikati ya wimbo, sisi wenye nyaya tukanyamaza wote, yeye akaendelea peke yake gizani. Uliporudi, tulimkuta palepale ambapo wimbo ulipaswa kuwa. Ndiyo maana tulimwita Saa.

Sasa, siku ya mwisho ya kurekodi albamu yetu ya mwisho, katika wimbo wa mwisho, Saa alikuwa amekosea mara sita.

Mpiga gitaa wetu, ambaye sote tulimwita Kiongozi, alivua hedifoni akaziweka juu ya amplifaya polepole, kama mtu anayejizuia asizitupe.

"Ndugu yangu, unaumwa?"

"Siumwi," Saa alijibu.

"Umekula?"

"Nimekula."

"Basi kuna nini? Mimi kesho asubuhi nasafiri. Mke wangu na mtoto wananisubiri huko mwaka wa pili huu. Saa kumi wanakwaya wanaingia humu ndani, na sasa hivi ni saa nane na nusu. Tuna albamu yenye nyimbo tisa na robo tatu! Nani atasikiliza robo tatu ya wimbo?"

"Tuanze tena," Saa alisema, akifuta vijiti vyake kwenye suruali. Hakuniangalia.

Mpiga besi wetu, mtu ambaye kwa mwaka huongea kama mara nne hivi, alitikisa kichwa tu.

Tukaanza tena. Nami naapa, kama mngekuwepo mngesimama juu ya viti. Gitaa la Kiongozi liliingia likinguruma kama lori linalopanda mlima, besi ikanipanda kutoka kwenye nyayo mpaka kwenye magoti, na nyuma yangu ngoma ya Saa ikanisukuma mgongoni kama mkono wa mtu. Watu wa mtaani husema sisi tunapiga kelele. Ni kweli. Lakini kuna kelele inayokutoa nyumbani, na kuna kelele inayokurudisha. Nilifumba macho nikaimba mpaka mishipa ya shingo ikasimama:

*Kama ni kwaheri, iseme kwa kishindo,*
*usiniachie mlango nusu wazi…*

Tukafika kiitikio cha mwisho. Ulibaki mstari mmoja. Mmoja tu! Na hapo kijiti cha Saa kikagonga ukingo wa ngoma, *ta!*, kikamtoka mkononi, kikabingirika mpaka miguuni mwangu.

"Mara ya saba!" Kiongozi alipiga kelele, akatoka nje akibamiza mlango. Saa naye akainuka, akatoka kwa mlango wa nyuma.

Niliinama kuokota kile kijiti. Kilikuwa cha moto.

Acheni niwaambie kwa nini albamu ile ilikuwa ya mwisho. Sababu ya kwanza mmeisikia: Kiongozi alikuwa anamfuata mkewe ng'ambo. Sababu ya pili ni mimi.

Mchana mimi ni mkata vioo vya miwani. Duka letu liko ghorofa ya chini, na ghorofa ya juu kuna kliniki ya daktari wa meno. Shangazi yangu, aliyenilea tangu nikiwa na miaka sita, alipanda pale juu siku moja kung'olewa jino. Akarudi hana jino, ana mchumba wangu.

"Kijana mpole," aliniambia akiwa bado na pamba mdomoni. "Mikono safi. Ananong'ona hata akikuumiza."

Shangazi ni mwalimu mkuu mstaafu. Akishaamua jambo, huligongea kengele. Nilikuwa na umri wa miaka thelathini na mbili. "Mpaka lini," alikuwa akiniuliza, "utasimama mbele za watu unapiga ukelele kama uliyekanyaga msumari?" Daktari hakuwa na ubaya wowote. Nilimtafutia kasoro kwa miezi minne kama mtu anayetafuta nywele kwenye maziwa, sikuipata. Jumamosi ile wazazi wake walikuwa waje nyumbani. Baada ya hapo harusi, kisha tungehamia mji mwingine ambako alikuwa amepata nafasi kubwa. Nilisema sawa. Nilisema sawa kwa sababu hakuna mtu mwingine aliyekuwa ameniambia niseme vinginevyo.

"Msasa!"

Hilo ndilo jina langu kwenye bendi, kwa sababu ya sauti yangu ya kukwaruza. Aliyeniita alikuwa Mama Mitambo, fundi wetu wa kurekodi, mwanamke mnene mwenye miwani niliyomkatia mimi mwenyewe. Alinionyesha kidole kupitia kioo: njoo.

Nikaingia chumba cha mitambo. Alinivisha hedifoni zake.

"Sikiliza. Nimeondoa gitaa, besi na sauti yako. Imebaki ngoma tupu. Hii ni mara ya kwanza."

Nikasikiliza. Safi, safi, safi, kisha kosa.

"Hii ya pili." Safi, safi, kisha kosa. "Ya tatu. Ya nne…"

"Mama, najua amekosea. Nilikuwepo."

"Hujanielewa, mwanangu. Mtu akikosea kwa bahati mbaya hukosea popote. Huyu anakosea palepale. Mstari mmoja kabla ya mwisho, mara saba zote. Mimi nina miaka ishirini na tano kwenye kiti hiki. Mtu asiyejua kukosea, akitaka kukosea, hukosea kwa mpangilio."

"Akitaka kukosea? Kwa nini atake?"

Mama Mitambo alivua miwani, akaifuta kwa upindo wa blauzi yake, akanitazama kwa huruma, kama mtu anayemtazama kipofu kwenye njia panda.

"Wimbo ukiisha, wewe unakwenda wapi?"

Damu ilinipanda mpaka masikioni. Nilishuka ngazi mbili mbili, kijiti bado kiko mkononi, nikausukuma mlango wa nyuma.

Alikuwa amekaa kwenye ngazi za zege, kando ya tangi la maji. Mchana Saa ni fundi wa kupanga vigae, na hata pale alikuwa akizitazama ngazi kama anayezipima.

"Inuka," nikamwambia.

Akainuka.

"Unakosea makusudi."

"Hapana."

"Saa!"

Jasho lilikuwa likimtiririka shingoni, na kifua kilikuwa kikipanda na kushuka. Mtu huyu, ambaye hata tukipiga mbio vipi hutoka jukwaani akihema kama aliyeamka usingizini.

"Ndiyo," alisema. "Makusudi."

"Kwa nini?"

"Kwa sababu nikiumaliza, umeisha. Albamu imeisha, bendi imeisha, na Jumamosi unakabidhiwa kwa daktari. Kwa hiyo nilisema nisiumalize. Najua ni ujinga. Nilikuwa najiambia: labda saa kumi itafika hatujamaliza, Kiongozi ataahirisha safari, tutarudi wiki ijayo. Halafu wiki inayofuata nitakosea tena."

"Mpaka lini?"

"Sikupiga hesabu mpaka huko."

Nilitaka kucheka, nikataka kumpiga kwa kile kijiti. Vyote viwili vilinijia pamoja, vikagongana kooni, ikatoka sauti ya ajabu.

"Miaka tisa!" nikamfokea. "Miaka tisa, Saa! Tumelala kwenye gari moja bovu, tumekula mkate mmoja, nimekushonea vifungo vya shati! Ulikuwa wapi muda wote huo?"

"Nyuma yako," akasema. "Mpiga ngoma hukaa nyuma. Mimi naijua shingo yako kuliko ninavyoujua uso wako. Najua ukitaka kuvuta pumzi ndefu unainua bega la kushoto. Najua ukiwa na huzuni unasimama na mguu mmoja mbele. Tangu Shangazi yako alete habari za daktari, umesimama na mguu mmoja mbele."

Nikatazama chini. Mguu wangu wa kulia ulikuwa mbele.

"Ungesema," nikanong'ona. "Ungefungua mdomo, ukasema."

"Ningesema nini? Mimi ni fundi vigae. Nikasema nikikuambia ukakataa, bendi itavunjika, nitakosa vyote. Heri nikae nyuma nikusikie."

"Na nani alikwambia ningekataa?"

Aliinua uso. Jamani, niliyaona macho yale kwa mara ya kwanza bila matoazi mawili katikati yetu. Nilihisi kifuani mwangu kitu kinadunda nje ya mpigo wowote aliowahi kunipigia.

"Haya," sauti ikasema juu yetu. "Endeleeni. Mimi nimesikia kuanzia kwenye miaka tisa."

Shangazi alikuwa amesimama mlangoni, mkoba begani, mwavuli mkononi ingawa mvua haikuwepo. Alikuwa amekuja kunichukua, na kama kawaida yake alikuwa amewahi saa nzima.

"Shikamoo, Shangazi," Saa alisema.

"Marahaba. Wewe si ndiye uliyenitengenezea bafu?"

"Ndiye mimi."

"Uliniambia siku tatu. Ukakaa siku kumi na moja. Nimeoga kwa jirani siku kumi na moja, mtu mzima mimi, na taulo begani."

"Mstari wa vigae ulikuwa umepinda, Shangazi. Nilibomoa nikarudia."

"Ulipinda, au uliupinda?"

Tangi la maji lilidondosha tone.

"Niliupinda," Saa alikiri. "Huyu alikuwa ananiletea chai kila asubuhi kabla ya kwenda dukani, yeye mwenyewe. Lakini niliunyoosha tena! Sasa hivi umenyooka kuliko bafu lolote mjini."

Nikaziba mdomo kwa viganja viwili. Shangazi hakucheka. Alinigeukia mimi, na uso wake ulikuwa wa yule mwalimu aliyekuwa akinisahihisha daftari mezani kila jioni.

"Na wewe? Usimtazame yeye. Nitazame mimi. Jumamosi watu wazima wanavaa nguo zao nzuri, wanakuja kwangu. Nimetoa neno langu. Unataka niwaambie nini? Kwamba mwanangu kachagua mtu aliyetumia miaka tisa kutafuta sentensi moja?"

"Hutawaambia wewe, Shangazi. Nitamwambia daktari mimi mwenyewe. Sasa hivi."

"Kwa simu?"

"Ana haki ya kujua leo, kabla wazazi wake hawajapiga pasi nguo zao."

Nikatafuta namba. Saa alitaka kuondoka ili kunipisha, nikamzuia kwa mkono. Simu ikaita mara mbili.

"Halo," daktari alisema kwa ile sauti yake ya kunong'ona.

Nilimwambia. Sikupamba, sikuzungukazunguka. Nilimwambia kwamba yeye ni mtu mwema, kwamba nimemkosea kwa kusema sawa wakati moyo wangu haukuwa umesema lolote, na kwamba leo umesema.

Nilisikia kifaa cha chuma kikiwekwa kwenye sinia.

"Ni yule wa ngoma?" akauliza.

"Ulijuaje?"

"Siku ya kwanza tulipokunywa chai nilikuuliza kuhusu kazi yako ya miwani. Ulinijibu kwa sentensi mbili. Halafu ukanieleza kwa nusu saa nzima jinsi mtu anavyoshika kijiti." Akavuta pumzi. "Nilitumaini kwamba unapenda ngoma."

Machozi yalinitoka. "Nisamehe."

"Wazazi wangu nitaongea nao mimi. Usihangaike. Na huyo bwana mwambie…"

"Nimwambie nini?"

"Basi. Usimwambie kitu. Nina mgonjwa kitini."

Akakata. Nilibaki nimeshika simu kama mtu aliyeshika kikombe kitupu. Shangazi alikuwa akiichora sakafu kwa ncha ya mwavuli.

"Kijana mpole yule," alisema taratibu. "Utakuja kuukumbuka upole wake siku moja mkigombana."

"Najua, Shangazi."

"Mimi sijaridhika. Mjue hivyo nyote wawili. Siwezi kuridhika kwenye ngazi, kando ya tangi." Akageukia mlango. "Lakini huko ndani kuna wimbo haujaisha, na mwenzenu ana ndege. Mtu asiyeweza kumaliza wimbo, atamaliza nini? Twendeni. Na mimi nakaa humohumo ndani. Nataka nikuone ukimaliza."

Ilikuwa saa tisa na dakika arobaini tulipoingia. Kiongozi alikuwa ameketi juu ya amplifaya, kichwa mikononi. Aliponiona nimeingia na Saa, na nyuma yetu Shangazi na mwavuli wake, alisimama kama askari.

"Tuna nafasi ya mara moja," alisema. "Moja tu. Saa, nakuomba kwa jina la mtoto wangu."

"Nipe kijiti changu," Saa aliniambia.

Nikampa. Vidole vyetu vikagusana, na nadhani hata Mama Mitambo kule nyuma ya kioo aliona sindano za kupimia sauti zikiruka. Shangazi aliketi kwenye kiti pembeni, akaweka mkoba mapajani, akatutazama kama msimamizi wa mtihani.

"Moja, mbili," Saa akahesabu. "Moja, mbili, tatu, nne!"

Sijui nielezeje. Tulikuwa tumeupiga wimbo ule mara saba siku ile, na zote zilikuwa mazoezi. Gitaa liliingia, mpiga besi akafumbua macho kwa mshangao, na ngoma za Saa zikaja, si nyuma yangu tena bali pande zote, juu, chini, zikinibeba. Miaka tisa ya mtu asiyesema ilikuwa ikisema yote kwa mkupuo. Wahenga walisema kimya kingi kina mshindo mkuu, lakini nadhani hawakuwahi kusimama karibu na mshindo wenyewe. Vioo vilitetemeka. Nilimwona Shangazi akiukumbatia mkoba wake, kisha nikaona kiatu chake cha kulia kikigonga sakafu, mara moja, mara mbili, naye akakitazama kwa hasira kana kwamba ni cha mtu mwingine.

Niligeuka. Sijawahi kuwapa watu mgongo nikiimba, lakini siku ile niligeuka, nikamwimbia yeye. Alinitazama moja kwa moja, nywele zimelowa, meno yote nje, akicheka huku akipiga. Tukafika kiitikio cha mwisho. Mstari mmoja kabla ya mwisho. Kijiti kikapanda, kikashuka, kikatua panapostahili, na mimi nikaurusha mstari wa mwisho kwa pumzi yote niliyokuwa nayo. Gitaa likalia. Toazi kubwa likapigwa kwa mara ya mwisho.

Kisha ikaja ile sehemu ngumu. Wimbo unapoishia kwenye toazi, hakuna anayeruhusiwa kusema wala kusogea mpaka mlio ufe kabisa, kwa sababu maikrofoni bado zinanasa. Mama Mitambo aliinua kiganja nyuma ya kioo: *bado.* Tukasimama kama masanamu. Toazi likaimba, likanong'ona, likawa uzi mwembamba wa sauti. Kiongozi alikuwa amefumba macho, machozi yanamtiririka kimyakimya. Kiganja bado kilikuwa juu.

"Shangazi," Saa akasema.

Kiongozi alifumbua macho kama aliyechomwa mkuki. Saa hakumjali.

"Shangazi, Jumapili naomba nije nyumbani. Nitakuja na mama yangu na kaka yangu mkubwa. Nakuja kwa ajili yake. Nimechelewa, najua. Lakini nakuja."

Shangazi alinitazama mimi.

"Ndivyo unavyotaka?"

Sauti yangu ilikuwa imekwisha yote kwenye wimbo. Nilichobaki nacho ni pumzi yenye mikwaruzo. "Ndivyo," nikasema.

"Kwa sauti. Nimeshakuwa mzee."

"Ndivyo, Shangazi! Ndivyo ninavyotaka!"

Akafungua mkoba, akaufunga.

"Basi njooni," alisema. "Lakini sijawaambia ndiyo. Nimesema njooni."

"Turudie mwisho!" Kiongozi alipayuka. "Jamani, turudie mwisho tu, dakika kumi zimebaki!"

"Nani arudie?" Sauti ya Mama Mitambo ilitoka kwenye spika, nzito kwa kilio. "Mwisho kama huo unarudiwa? Haukatwi hata nukta. Unabaki."

Na ukabaki. Kiongozi aliondoka kesho yake na nakala mkononi. Baadaye alituandikia kwamba mkewe huko aliusikiliza mwisho ule mara tano kabla ya kusikiliza wimbo wenyewe. Ukiipata albamu yetu, usiizime gitaa linaponyamaza. Subiri toazi lififie. Utamsikia Saa akiomba, utamsikia Shangazi akijibu, utamsikia Kiongozi akilalamika. Halafu, chini kabisa, kuna mkwaruzo wa kiti kinachosukumwa nyuma kwa haraka na hatua za mtu anayevuka chumba. Hapo ndipo Mama Mitambo alipozima mitambo. Yaliyofuata ni yetu wawili.